Shajara ya mradi: nyumba ya kioo chini ya bahari, ndani ya kivinjari

Jumamosi asubuhi

Mradi wenyewe kwanza. Nataka nyumba ya kioo juu ya sakafu ya bahari: ndani pakavu kabisa, njia ya kuingilia itokee nchi kavu, na jua lifike hadi chini. Gemu ni Minecraft Classic, ile inayochezwa ndani ya kivinjari. Hupakui kitu wala husakinishi kitu. Unafungua ukurasa, unasubiri kidogo, mara dunia ya matofali imeshatandazwa mbele yako.

Nimeichagua hii makusudi. Ilitolewa bure mwezi wa Mei 2019, Minecraft ilipotimiza miaka 10, na kilichomo ndani ni toleo la zamani sana, 0.0.23a_01 la mwaka 2009, wakati Markus Persson ndiye aliyekuwa akiitengeneza. Enzi hizo pia gemu ilichezwa kwenye kivinjari, ila kwa njia ya kijiprogramu cha Java. Baadaye vivinjari vikaacha kukubali viambatisho vya namna hiyo (Chrome mwaka 2015, Firefox mwaka 2017), ndiyo maana hii ya 2019 imeandikwa upya kwa JavaScript na kuchorwa kwa WebGL, njia ya kivinjari ya kuchora picha za 3D bila kiambatisho. Umri wa gemu unaonekana kila unapogeuka. Hakuna usiku, hakuna njaa, hakuna wa kukufukuza, hufi ukianguka wala huzami ukipiga mbizi. Matofali ni ya aina 32, na 16 kati ya hizo ni sufu za rangi mbalimbali, yaani nusu ya ghala ni nguo! Zilizobaki ni jiwe, udongo, mbao, gogo, mchanga, changarawe, kioo, dhahabu, sponji na vimimea vichache. Mlango hakuna. Ngazi hakuna. Mwenge hakuna.

Na maji ya humu hayana adabu. Katika matoleo ya baadaye maji hutiririka hatua 7 kutoka kwenye chanzo kisha yanakoma. Humu hayakomi. Yakipata upenyo yanashuka, yanatambaa kila upande, yanajaza kila penye nafasi, na bahari haipungui hata kidogo. Kitu pekee yasichoweza ni kupanda. Chimba shimo ufukweni chini ya usawa wa bahari, toboa tofali moja tu upande wa maji, na shimo lote si lako tena.

Kwa hiyo kujenga chini ya bahari humu ni kazi ya kupanga mfuatano kuliko kazi ya kupamba. Hilo ndilo lililonivutia.

Nimezunguka dunia yote kutafuta mahali. Haikuchukua muda, maana dunia ya Classic ina mipaka, na ng'ambo ya mipaka ni bahari tupu usiyoweza kuijenga. Nimepata ghuba ndogo yenye ukingo uliosimama wima: nyasi juu, mwamba kwenda chini, na chini yake maji ya kina cha matofali 9. Ukingo wa namna hiyo ni mali, kwa sababu ngazi ya kushukia itachimbwa ndani ya mwamba badala ya kupita majini. Nimesimama ukingoni nikabonyeza Enter kuweka alama. Kuanzia sasa R inanirudisha hapo hapo, hata niwe nimejichimbia wapi.

Jumamosi mchana

Mambo ya kivinjari, niyamalize mapema. Dunia hii imehifadhiwa kwenye data za kivinjari chenyewe, si kwenye faili ninaloweza kulinakili na kuliweka kando. Ukifuta data za tovuti, umefuta nyumba. Ukicheza kwenye dirisha la faragha, ukilifunga umefuta nyumba. Nimezima ile programu-jalizi yangu inayosafisha kila kitu kivinjari kinapofungwa, na nacheza kwenye kivinjari kimoja tu.

Jingine ni kitufe cha Ctrl. Katika gemu nyingi kidole kidogo kimezoea kukaa pale. Humu W ndiyo ya kwenda mbele, na Ctrl pamoja na W hufunga kichupo. Kidole kidogo kimehamishwa.

F inasogeza ukungu karibu au mbali. Ninapofanya kazi chini ya maji nauweka karibu kabisa: sioni mbali hata hivyo, na kompyuta inapumua.

Jumamosi usiku

Jaribio la sponji, mbali na eneo la ujenzi.

Sponji moja ikiwekwa majini hukausha pande zote kwa umbali wa matofali mawili: mbele, nyuma, kulia, kushoto, juu na chini. Ni mchemraba wa 5 × 5 × 5, nafasi 125 ukiihesabu na yenyewe. Na haikaushi tu, inazuia. Maji yaliyo nje ya mchemraba hayaingii kamwe maadamu sponji ipo. Nilipoweka ya kwanza nilisimama katikati ya bahari nimezungukwa na kuta za maji zilizosimama wima, na juu ya kichwa dari ya maji imetulia tuli. Ukinyoosha shingo unaona uso wa chini wa bahari. Ukiiondoa sponji, yote hayo yanakuangukia mara moja.

Kuna mambo mawili ya vipimo ambayo yanaokoa kazi.

La kwanza ni kimo. Watu wengi huiweka sponji sakafuni, na hapo wanapoteza safu mbili nzima, kwa kuwa nguvu yake ya kushuka chini inaishia kwenye ardhi. Wanapata ukavu wa safu tatu tu. Iweke juu ya magogo mawili, iwe safu ya tatu kutoka chini, na safu zote tano zinakauka. Magogo mawili kwa kila sponji ni gharama ndogo.

La pili ni nafasi kati ya sponji na sponji: matofali manne, basi. Ukiacha manne, michemraba inagusana barabara. Ukiacha matano, katikati inabaki karatasi ya maji yenye unene wa tofali moja, imesimama kavu pande zote mbili. Inapendeza kwa macho, lakini siku utakapoondoa sponji hiyo karatasi itaishia sakafuni mwako, na maji ya humu hayahitaji zaidi ya tone kuanza safari.

Jumapili

Nimemtumia mwenzangu kiungo. Gemu inaruhusu kualika marafiki hadi 9 kwa kiungo tu, bila kufungua akaunti, lakini kwa kazi hii tisa ni hatari: kila aliyeingia anaweza kuvunja chochote, na hakuna namna ya kulifunga tofali lisiguswe. Mtu mmoja ninayemwamini ananitosha.

Nilikuwa nimeshapiga hesabu. Eneo la kukausha ni 15 kwa 10, kimo 5. Sponji tatu kwa urefu, mbili kwa upana, jumla sita. Kuta zitakaa ndani ya ukingo wa eneo hilo hilo, kwa hiyo chumba chenyewe kitabaki 13 kwa 8, kimo cha matofali 4, na dari safu ya tano. Kioo: ukuta ni tofali 46 kila safu, mara safu 4, yaani 184. Dari ni 150. Jumla 334.

Mwenzangu aliingia, akaangalia, akaandika kwenye gumzo:

— Kaka, sponji za nini? Simamisha kuta, mwaga mchanga ujae, funika, kisha chimba.

Njia yake ni ya kweli na ina mashabiki wengi. Tofali lolote gumu likikaa mahali pa maji, maji yanatoweka hapo. Jaza chumba chote mchanga na hakuna tone lililobaki; ukiuchimba kutoka ndani, kinachobaki ni hewa. Na mchanga wa humu una tabia ya ajabu: hauanguki polepole, unafika. Unauweka juu ya maji na papo hapo uko chini sakafuni, hukuona mchanga ulikopita. Huna haja ya kuzamia.

Nikamjibu:

— Chumba ni 13 × 8 × 4. Tofali 416 kuweka, 416 kutoa. Sponji ni sita na magogo kumi na mawili.

— Haya bwana. Lakini sakafu yako ina mashimo.

Hapo alikuwa na haki. Chini ya ghuba hapakuwa tambarare, na ukuta ukisimama juu ya shimo, chini yake kuna upenyo. Basi tukagawana: yeye juu, amesimama kwenye daraja la mbao alilolitandika juu ya maji, anaangusha mchanga kila ninapomwambia, mimi chini naangalia mashimo yakijaa na kukwangua vilima. Kwa kusawazisha sakafu hakuna kinachoushinda mchanga wake, nakiri. Kwa kukausha chumba, sponji zangu bado ziko mbele.

Sponji zilikwenda kwa zamu, kutoka upande wa mwamba kuelekea baharini. Kila moja ilipotua, chumba kilipanuka hatua tano kwa mkupuo mmoja. Baada ya ya sita tulikuwa na ukumbi mkavu ndani ya bahari, hauna ukuta hata mmoja, umeshikiliwa na vitu sita vya njano juu ya magogo.

Kisha kioo. Ukuta wa upande wa mbele yeye, wa nyuma mimi, dari pamoja. Dari inasumbua, kwa sababu haipakwi kutoka chini kama rangi: kila tofali linahitaji jirani la kushikilia, kwa hiyo tulianzia kwenye kichwa cha ukuta tukaendelea safu kwa safu, tunatembea huku tunatazama juu. Kioo kikiwa mbele ya maji ni vigumu kukitofautisha na pengo. Tulikagua kwa kukitembelea kila kioo kimoja na kukielekezea alama ya katikati ya skrini: fremu ya tofali ikijichora, kipo; isipojichora, ni maji. Mwenzangu alipata pengo kwenye pembe, pale ambapo wote wawili tulidhani ni zamu ya mwingine.

Sponji ya kwanza kutolewa ilikuwa ile ya upande wa baharini. Tulisimama wote upande wa mwamba.

Hakuna kilichoingia.

Jumanne

Chumba ni kikavu, lakini ni cha kusikitisha. Kila kitu kimevaa kivuli kile kile.

Mwanga wa toleo hili ni rahisi kupita kiasi. Gemu inachukua kila safu wima ya dunia, inashuka kutoka angani, na tofali la kwanza linalozuia jua linaamua: juu yake ni mwanga, chini yake ni kivuli. Hakuna katikati. Kivuli cha hatua moja chini na kivuli cha hatua 30 chini ni giza lile lile, na jua haliingii kwa ubavu hata dirisha liwe kubwa vipi. Maji yanahesabiwa kuwa kizuizi. Kioo hakihesabiwi. Kwa hiyo tofali zangu 184 za kuta za kioo hazileti hata chembe ya mwanga, na dari nayo haisaidii, kwa kuwa juu yake kuna safu nne za maji.

Dawa ni kuyaondoa maji hayo manne pale tu ninapotaka jua. Sihitaji bomba wala kisima cha hewa; naweka kioo juu ya kioo mpaka usawa wa bahari, kila tofali linachukua nafasi ya maji, na jua linateremka ndani ya nguzo hiyo kana kwamba bahari haipo.

Nimeanza na mraba wa 3 × 3 katikati ya dari, tofali 36. Nilipoweka la mwisho juu kabisa, mraba wa sakafu ulio chini yake uliwaka ghafla. Mpaka wake umekatwa kwa wembe: tofali hili jeupe, la pembeni yake kijivu. Nimesimama hapo nikatoa mbao za sakafu kwenye mraba huo nikaweka dhahabu. Sasa ukiingia, dhahabu ndiyo taa. Haimulikii chochote, lakini jicho linadanganyika.

Mwenzangu anasema ningeifanya dari yote iwe hivyo. Dari ya ndani ni 104, mara nne ni 416. Nilimkumbusha kuwa 416 ni ile ile namba ya mchanga niliyoikataa Jumapili.

Alhamisi

Nyasi! Hili halikuwemo kwenye mpango na sasa limemeza mpango.

Nilitaka bustani ndogo ndani. Ghala halina tofali la nyasi. Lina udongo, na udongo haugeuki nyasi kwa kuombwa. Nyasi husambaa kutoka tofali lililo nazo hadi udongo ulio jirani, kwa sharti kwamba juu ya udongo huo pana jua. Zikifunikwa zinakufa na kurudi udongo. Maana yake siwezi kuzibeba mkononi. Lazima niziache zitembee zenyewe kutoka juu ya ukingo hadi chumbani, na njia nzima iwe ya udongo, iwe na mwanga, na isikatike.

Kwa hiyo handaki nililokuwa nimelipanga limekufa. Handaki ni kivuli. Badala yake nimechimba mtaro ulio wazi kwa juu, upana wa tofali moja, unaoshuka ndani ya mwamba hatua moja moja, na kila hatua nimeitandika udongo. Mtaro una nafasi ya kujikunja mara moja, ili usikaribie maji kabla ya wakati wake.

Sehemu ngumu ni kizingiti, pale mtaro unapokutana na ukuta wa chumba. Fikiria: juu ya dari ya chumba kuna safu nne za maji, na mtaro wangu ni wazi hadi angani. Nikiondoa mwamba wa mwisho kati yao, hayo maji yaliyo juu ya dari yanaona mtaro, na bahari yote inakuja ngazini. Nikiuacha mwamba, kizingiti kinakaa kivulini na nyasi zinakwama nje ya mlango.

Jibu ni nguzo ile ile ya kioo. Kwanza, nikiwa juu majini, nimejenga kioo safu nne juu ya tofali moja la dari lililo juu ya kizingiti, kutoka dari hadi usawa wa bahari. Sasa kati ya maji na mtaro kuna kioo kigumu kinachopitisha jua. Kulia na kushoto kwa mtaro ni mwamba. Baada ya hapo tu ndipo nimevunja mwamba wa mwisho, kutoka juu kwenda chini, tofali kwa tofali, nikitazama kila ubavu mpya unaojitokeza kabla ya kugusa linalofuata. Mwisho nimetoboa ukuta wa kioo, upana mmoja na kimo mbili. Huo ndio mlango.

Ndani, nimeendeleza ukanda wa nguzo za kioo juu ya dari kutoka kizingitini kwenda katikati, na chini yake ukanda wa udongo. Mraba wa dhahabu umepungua ili kupisha.

Sasa ni kungoja, maana gemu huchagua tofali za kushughulikia kwa bahati nasibu. Nilitaka niendelee na shughuli nyingine kwenye kichupo cha pili, lakini kivinjari hupunguza kazi ya kichupo kisichoonekana. Nimeihamishia gemu kwenye dirisha lake peke yake, nikaliweka pembeni ya skrini mahali panapoonekana.

Jumamosi

Nyasi zimeshuka hadi hatua ya chini kabisa ya mtaro. Kwenye kona zilichelewa kuliko popote, na kwa muda nilidhani njia imekatika, kumbe zilikuwa zinasubiri bahati yao tu. Kizingiti bado ni udongo, lakini kina jua.

Mwenzangu ameingia akaanza kupanda maua ukingoni bila kuniuliza. Mekundu yote upande mmoja, ya njano upande wa pili. Nimeyaacha.

Kinachofuata ni chumba cha pili, upande wa baharini. Hicho tunakitaka 20 kwa 10, kwa hiyo sponji nane na magogo kumi na sita. Kitashikamana na ukuta wa sasa wa kioo, nasi hatutautoboa mpaka dari ya upande wa pili ikaguliwe na sponji ya mwisho itolewe. Sakafu ya kule ina bonde refu, na kwa hilo nimeshamwambia mwenzangu aandae daraja lake la mbao. Ameniuliza kama safari hii atajaza chumba chote mchanga. Nimempa nusu ya hatua kumi za mwisho za urefu wa chumba, tano kwake kwa mchanga na tano kwangu kwa sponji, tuone nani anafunga dari yake kwanza.